Wajapani wa Mangola na Watambaji wa Mbulu

Katika miaka ya mwanzo ya uhuru wa Tanganyika, bendera mpya ikiwa bado haijapauka juu ya mlingoti wa boma la Mbulu, walifika katika wilaya ile watu wachache kutoka Japani, wasiokuwa wachuuzi wala wamisionari wala maofisa wa dola yoyote, wakapiga kambi Mangola, kando ya ziwa Eyasi, mahali ambapo mtu akitembea kwa miguu toka asubuhi hata magharibi aweza kusikia lugha za nasaba nne zisizohusiana: Kihadza cha wawindaji na warina asali, Kidatoga cha wafugaji, Kiiraqw cha wakulima walioteremka kutoka nyanda za juu, na lugha za Kibantu, Kiswahili kikiwa mbele yake, za wahamiaji waliovutwa na maji ya chemchemi. Mangola leo imo katika wilaya ya Karatu, mkoa wa Arusha. Lakini siku zile ilihesabiwa kuwa Mbulu, na Mbulu ya siku zile ilikuwa nchi pana iliyokusanya ndani yake Karatu, Babati na Hanang, kabla ya kugawanywa mara baada ya mara, na kabla mkoa wa Manyara haujazaliwa mwaka 2002. Kwa hiyo anayetaka kusimulia tarikhi ya Mbulu na Hanang hana budi kuvuka mipaka iliyochorwa jana.

Wageni wale walitoka Chuo Kikuu cha Kyoto, katika msafara wa elimu ulioongozwa na Imanishi Kinji, bingwa wa maisha ya nyani. Kundi moja lilikwenda pwani ya ziwa Tanganyika kuwatazama sokwe. Kundi la pili, ambalo ndilo linalotuhusu, lilibaki Mangola kuwatazama watu. Tomikawa Morimichi alikaa na Wadatoga. Wada Shohei na Yoneyama Toshinao wakaelekeza nyuso zao kwa Wairaqw. Ishige Naomichi, ambaye baadaye alikuwa mwandishi mashuhuri wa tarikhi ya chakula cha Kijapani, alipima nyumba za Wahadza, Wadatoga, Wairaqw na Waswahili, akizilinganisha chumba kwa chumba. Na mwaka 1963 akaja Umesao Tadao.

Huyu Umesao alikuwa mtu wa ajabu kidogo, na inafaa tumtazame kwa utuo. Mwanzoni mwa mwaka ule ule wa 1963, mwezi ambao televisheni ya Japani ilianza kuonyesha katuni ya mtoto wa chuma iliyobuniwa na Tezuka Osamu, ile inayojulikana duniani kwa jina la Astro Boy, Umesao alikuwa amechapisha makala yaliyowashangaza wasomi wa kwao, akidai kwamba baada ya zama za kilimo na zama za viwanda zingefuata zama ambazo mali kuu ya mataifa itakuwa habari: matangazo, nyimbo, maonyesho, mafundisho, na kila kitu kinachoingia katika akili badala ya kuingia tumboni. Makuhani wa kale, alisema, ndio waasisi wa biashara hiyo, kwa kuwa waliishi kwa kutoa maneno tu, na watu wakawalipa kwa moyo mkunjufu. Kisha, wino wa makala yake ukiwa mbichi, akaondoka Kyoto akaenda kuhesabu ng'ombe na kuandika majina ya jamaa za Wadatoga. Msomaji anaweza kuuona mwendo huo kama kinyume. Mimi nauona kama safari iliyonyooka, maana aliyetaka kujua maneno yana thamani gani alikuwa amefika penyewe.

Kwani nchi ile ilikuwa, na kwa sehemu ingali, nchi ya maneno. Katika tembe za Wairaqw, zile nyumba zilizochimbwa ubavuni mwa kilima na kuezekwa udongo hata adui aliyesimama juu ya paa asitambue kwamba amesimama juu ya paa, jioni ilikuwa saa ya wazee. Pombe ikishaletwa na shauri likishakwisha, mzee mwenye ulimi hutoa slufay, dua ndefu yenye vina vya maana na mizani ya pumzi, akiombea mvua, ng'ombe, watoto na amani, akiyafukuza maradhi na mabaya yaende baidi na mipaka ya nchi, na waliohudhuria humwitikia kwa pamoja, hata sauti ya mmoja ikawa imebebwa na sauti ya wote. Si kila mtu aliweza kuitoa. Ilimlazimu mtu awe amesikiliza miaka mingi, awe na pumzi, awe na hafidha, na zaidi ya hayo awe na haya ya kutosha kujua ni lini anyamaze. Dua hiyo ni ibada, bila shaka. Lakini ni nani aliyepata kuisikia akasema kwamba haikuwa starehe pia?

Wadatoga nao, ambao wale wa tawi la Barabaig wameuzunguka mlima Hanang, wana shughuli yao iliyo adhimu zaidi, yaani bung'eda, mazishi ya mzee mwenye heshima, ambayo hayamalizwi kwa siku moja wala juma moja: kichuguu cha kaburi hujengwa na kuinuliwa kwa muda wa miezi tisa, na siku ya kukamilika kwake hukusanyika umati mkubwa, kwa nyimbo na ngoma. George Klima, aliyeandika kitabu juu ya Wabarabaig kilichotolewa mwaka 1970, ameyaeleza hayo kwa urefu, nami sitayarudia.

Lililo la kusimuliwa kwa urefu ni kisa cha Maangwatay. Wazee wa Kiiraqw husema kwamba hapo kale kaumu yao ilikaa mahali paitwapo hivyo, chini ya mtawala mmoja mwenye uwezo wa mambo ya ghaibu, jina lake Haymu Tipe. Nchi ilikuwa na amani, na amani ikawachosha vijana. Walikosa la kufanya. Wakamteka Gemakw, mwana wa pekee wa mtawala yule, wakamwambia baba kwamba hawatamrudisha mpaka awaletee adui wa kupigana naye. Na baba, kwa kumlilia mwanawe, akawaita Wabarabaig. Vita vikaja kama vilivyoombwa. Wairaqw wakashindwa, na Haymu Tipe akakimbia na jamaa zake hata Guser-Twalay, na Gemakw akaugua akafa. Na kaumu, iliyokuwa na nchi ya kutosha, ikajikuta katika milima ya Irqwar Da'aw, kusini ya mji wa Mbulu wa leo, imebanwa na majirani kila upande, ikijifunza kulima miteremko na kuficha nyumba ardhini.

Nakitazama kisa hiki kwa mastaajabu. Mataifa mengi huanza habari zao kwa ushindi. Hawa wameanza kwa kushindwa, tena kushindwa kulikoletwa na vijana waliotaka mchezo. Hapa ndipo Mjapani yeyote aliyesoma angalau kidogo angeketi wima, kwa maana kisa kikuu cha taifa lake, kile ambacho juu yake zimejengwa tamthilia, filamu na katuni zisizohesabika, ni kisa cha walioshindwa. Katika vita vya mwaka 1180 hata 1185 ukoo wa Taira, uliokuwa umeshika dola kwa kiburi, uliangamizwa na ukoo wa Minamoto, na katika vita vya mwisho vya baharini, pale Dan-no-ura, mfalme mtoto alizama pamoja na bibi yake aliyemkumbatia. Watu hawakukisahau kifo kile. Makuhani vipofu, wakiwa na ala ya nyuzi iitwayo biwa, walizunguka nchi kwa mamia ya miaka wakikitamba kisa cha Heike, yaani cha ukoo huo wa Taira, kwa nyimbo, kijiji kwa kijiji, na iliaminika kwamba utambaji wao haukuwaburudisha walio hai tu, bali uliwatuliza na wafu waliozama kwa uchungu. Ibada na starehe katika pumzi moja. Na atakayeziweka slufay na biwa kando kwa kando ataona kwamba mafundi hawa, ambao hawakujuana kwa lugha wala dini wala bahari, walikuwa wakifanya amali moja.

Kutoka kwa vipofu wale mnyororo haukukatika. Mwaka 1684 mtambaji mmoja, Takemoto Gidayu, alifungua jumba la vikaragosi mjini Osaka, na mtunzi Chikamatsu Monzaemon akamwandikia michezo. Humo mtambaji huketi kando ya jukwaa, mpiga ala ya nyuzi iitwayo shamisen ubavuni pake, naye peke yake huwasemea wote, mfalme na kahaba, mtoto na mzee, huku vikaragosi vikitikisika kimya mikononi mwa mafundi wao. Kabuki, tamthilia ya waigizaji hai, iliyokuwa imeanzishwa na mwanamke aitwaye Okuni mjini Kyoto mwaka 1603, kisha wanawake wenyewe wakakatazwa kuicheza mwaka 1629, iliazima kwa vikaragosi hivyo michezo na watambaji. Mjapani wa mjini alizoea hivyo: picha mahali pamoja, sauti mahali pengine, na fundi wa sauti akiheshimiwa kuliko picha.

Ndiyo maana sinema ilipofika Japani, mnamo 1896 na 1897, haikukuta watu wanaostaajabu kwamba picha haisemi. Ilikuta mtambaji amekwisha simama kando ya pazia. Waliitwa benshi. Mabepari wa Ulaya na Marekani walibandika maandishi katikati ya picha; Wajapani walimlipa mtu aeleze, aige sauti, alie, acheke, na, pale picha ilipokuwa dhaifu, aitie nguvu kwa maneno ambayo mtengenezaji wake hakuyawaza. Jina la benshi aghalabu liliandikwa katika tangazo kwa herufi kubwa kuliko jina la mchezaji wa filamu, na watu walichagua jumba kwa kuuliza nani anasema humo, si nini kinaonyeshwa. Serikali nayo ikawaona kuwa ni watu wa hatari ya kutosha hata mwaka 1917 polisi wa Tokyo wakaamuru kwamba asiyekuwa na leseni asiseme. Ilipofika mwisho wa miaka ya ishirini walikuwa zaidi ya 6,000 nchini, na baina yao wanawake.

Filamu zenye sauti zikawanyang'anya mkate. Si mara moja, maana Japani iliendelea kutengeneza filamu kimya miaka kadhaa baada ya Marekani kuziacha, na sababu mojawapo ilikuwa nguvu za hao mafundi wa ulimi. Lakini hatimaye migomo yao ilivunjika, na mwaka 1933 mmoja wao, Kurosawa Heigo, kaka wa Kurosawa Akira ambaye baadaye dunia nzima ilimjua kwa filamu zake, alijiua. Wengine walikwenda redioni, kama Tokugawa Musei, ambaye sauti yake iliwafanya wasikilizaji wa nchi nzima wakae kimya. Wengine wakashika baiskeli. Wakafunga nyuma ya baiskeli sanduku la mbao lenye dirisha, wakatia ndani picha za rangi zilizochorwa kwenye karatasi nene, wakaenda vichochoroni, wakagonga vijiti viwili ili watoto wasikie, wakauza peremende, na mtoto aliyenunua akapewa nafasi ya mbele. Kisha picha moja ikavutwa baada ya nyingine, na hadithi ikakatwa mahali patamu ili kesho peremende ziuzike tena. Tamthilia hii ya karatasi, kamishibai, ilistawi tangu mnamo 1930, na televisheni ilipoanza kurushwa mwaka 1953, watu walizoea kuiita kamishibai ya umeme. Hapo palikuwa na kijana mmoja aliyepoteza mkono wa kushoto katika vita vya Pasifiki, Mizuki Shigeru, aliyejipatia riziki kwa kuchora kamishibai. Na ulipokufa ufundi ule alihamia katika vitabu vya katuni akiwa amebeba kisa cha Kitaro, mtoto wa makaburini, ambacho kilikuwa kimetambwa vichochoroni tangu kabla ya vita, na mwaka 1968 Kitaro akaingia katika televisheni pamoja na jeshi zima la mazimwi na vizuka vya vijijini.

Vizuka hivyo havikutoka katika kichwa cha Mizuki. Viko Tono, wilaya ya milimani kaskazini ya Japani, mbali na mji mkuu, penye baridi na farasi na njaa za mara kwa mara, ambako kijana Sasaki Kizen alizaliwa, akaenda Tokyo kusoma, akamsimulia ofisa mmoja msomi, Yanagita Kunio, visa vya kwao. Na Yanagita akavitoa katika kitabu kidogo mwaka 1910, nakala 350 tu. Humo kuna kappa, kiumbe wa mitoni anayevuta farasi na watoto majini. Mbulu nako kuna neetlaangw, viumbe wa chemchemi na vijito, ambao Wairaqw huwaogopa kwa maradhi wanayoyaleta na ambao kwa ajili yao mambo mengi ya usafi na mwiko yamewekwa. Tofauti ni hii: kappa leo ameuzwa katika vikombe, vitabu, filamu na sanamu za vituo vya treni, na mtoto wa Dar es Salaam mwenye simu anaweza kumjua, ilhali neetlaangw hawajatoka katika chemchemi zao, isipokuwa kuingia katika maandishi ya wataalamu. Wala sisemi kwamba kuuzwa ni heshima. Nasema tu kwamba Tono, nchi ya milima na ya watu wanyonge kama ilivyo Mbulu, haikuona aibu kuuza.

Turudi kwa wageni wetu. Umesao aliporejea Japani alijiunga na marafiki, miongoni mwao Komatsu Sakyo, mtunzi wa riwaya za mambo yajayo, katika kufikiri jinsi maonyesho makubwa ya dunia yatakavyofanyika Osaka mwaka 1970. Maonyesho hayo, yaliyohudhuriwa na watu zaidi ya milioni 64, yalikuwa na mnara wa Okamoto Taro, na chini ya mnara vikakusanywa vinyago na sanamu na zana kutoka pembe zote za dunia, kwa juhudi za vijana waliotumwa na Umesao na mwenziwe Izumi Seiichi. Vitu hivyo vikawa mbegu ya Makumbusho ya Taifa ya Elimu ya Makabila, iliyoanzishwa mwaka 1974 na kufunguliwa mwaka 1977 katika kiwanja kile kile cha maonyesho, Umesao akiwa mkurugenzi wake wa kwanza. Komatsu, kwa upande wake, alitoa mwaka 1973 riwaya ya kuzama kwa visiwa vya Japani, iliyonunuliwa kwa mamilioni na kufanywa filamu mwaka ule ule. Naye Yoneyama, aliyekuwa ameandika juu ya mawazo ya msingi ya Wairaqw, alifanya jambo linalonipendeza kuliko yote: aligeuka akautazama mji wa Kyoto kwa macho aliyoyanoa Mbulu, akaandika mwaka 1974 kitabu juu ya Gion, sikukuu ya magari makubwa yenye kupambwa, ambayo asili yake ni dua ya kufukuza tauni katika mwaka 869. Dua ya kufukuza maradhi iliyogeuka kuwa tamasha la umati! Mtu aliyewahi kukaa miongoni mwa watu wa slufay hakuhitaji kuelezwa mara mbili.

Kwa hiyo mkopo wa mawazo baina ya Mbulu na Japani haukwenda upande mmoja, ingawa hesabu yake haikuandikwa. Na mwaka 1984 makumbusho yale ya Osaka yakachapisha makala ya Wada juu ya slufay yenyewe. Mzee wa Mbulu aliyeitoa dua yake jioni ya pombe yumo katika maktaba ya Osaka, na wajukuu zake wengi hawajaiona karatasi hiyo.

Sasa tuulize: je, kwetu mtambaji wa kando ya picha hakuwahi kutokea? Alitokea, tena mapema. Baina ya 1935 na 1937 Waingereza waliweka huko Vugiri, katika milima ya Usambara, kituo cha majaribio ya sinema kwa ajili ya Waafrika, wakatengeneza filamu 35 za mafundisho ya chai, kodi, akiba ya posta na mengineyo, wakazizungusha kwa lori katika Tanganyika na nchi za jirani. Picha zilikuwa kimya. Maneno yalinaswa katika sahani za santuri kwa lugha mbalimbali, na mara nyingine mfasiri alishika kipaza sauti akasema. Filamu zile zilichosha. Kodi haijapata kuwa kisa kizuri. Lakini mfasiri alipendwa, kwa sababu yeye alikuwa wa kwao na picha ilikuwa ya serikali.

Televisheni ilichelewa Tanzania Bara hata miaka ya tisini, na kabla yake na baada yake vikaota vibanda vya video, ambavyo wenye ucheshi huviita vibanda umiza. Katika vibanda hivyo na katika kanda zilizouzwa masokoni alitokea fundi Derek Gaspar Mukandala, aliyepata jina la Lufufu, ambaye alizieleza kwa Kiswahili filamu za Kihindi, za Kichina na za Kimarekani, akiwatia wachezaji maneno ya mitaani kwetu, akifafanua sababu ya ugomvi, akimkemea mwovu kabla hajafanya uovu. Uganda wapo wenziwe wanaosema kwa Kiganda. Kenya yupo DJ Afro, ambaye mashabiki wake humfuata kwa sauti yake, si kwa filamu. Wote hao, mbele ya sheria ya hakimiliki, wamesimama mahali pabaya, maana hawakuwaomba wenye filamu ruhusa. Benshi walikuwa na leseni na mshahara, hawa wetu hawana. Lakini kwa ufundi ni ndugu, na yeyote asemaye kwamba Lufufu aliharibu filamu za watu hajaisikia hadhira ikicheka.

Nimependa kukaa katika kibanda cha namna hiyo huko Katesh, chini ya mlima Hanang, siku ya mnada. Ni chumba cha mabati, mabenchi ya mbao yasiyopigwa randa, dirisha limezibwa kwa kiroba cha mahindi, televisheni imewekwa juu ya kabati lenye kufuli, na spika mbili kubwa zikitetemeka hata vumbi likacheza juu ya kitambaa chake. Vijana wa Kibarabaig, walioshinda tangu alfajiri wakiswaga ng'ombe, wameegemeza fimbo zao ukutani, mashuka yamekunjwa begani. Katika picha Mhindi analia juu ya maiti ya mamaye. Sauti ya Kiswahili inasema kwamba kijana huyu sasa hana wa kumzika ila yeye mwenyewe, kwa hiyo wabaya wajihadhari. Na mchungaji mmoja, ambaye kwao ingehitajika miezi tisa kumzika mzee ipasavyo, anatikisa kichwa, anamwambia mwenziwe kwa Kidatoga neno linalolichekesha benchi zima. Nje mlima Hanang umefunikwa na wingu. Hakuna hata mtu mmoja humo ndani anayelazimika kuelezwa kwamba sauti kando ya picha ni sanaa.

Kinachokosekana ni picha. Watambaji tunao, hadhira tunayo, visa tunavyo. Vinavyopita katika pazia ni vya Mumbai na Hong Kong. Maangwatay, kisa ambacho ndani yake mna vijana waliochoka na amani, baba aliyelazimishwa kuwaita adui zake, na mwana aliyeponzwa na mchezo wa vijana wenziwe, hakijaombwa na yeyote kiingizwe humo, na hali ni kisa ambacho mtunzi yeyote wa Osaka angekinunua kwa dhahabu. Wengine watasema kwamba visa vya makabila hurudisha ukabila. Hoja hiyo ilikuwa na uzito wake katika siku za kulijenga taifa. Lakini Lufufu ametuonyesha kwamba Mhindi anaweza kusemewa kwa Kiswahili bila ya kuwa Mswahili wala kuacha kuwa Mhindi, sembuse Haymu Tipe, aliye wa nyumbani. Wengine watasema kwamba vizuka na kushindwa si mambo ya kujivunia. Hao waulizwe Godzilla ametoka wapi, yule joka aliyeingia katika sinema mwaka 1954, miaka tisa tu baada ya mabomu ya Hiroshima na Nagasaki, na miezi michache baada ya wavuvi wa Kijapani kuangukiwa na vumbi la bomu jingine katika bahari ya Pasifiki.

Hanang nayo imeonja. Tarehe 3 Desemba 2023 matope na mawe yalishuka kutoka mlimani baada ya mvua kubwa, yakapiga Katesh na Gendabi, yakaua watu zaidi ya 80. Siombi msiba ule ufanywe burudani, wala haujapoa. Nasema kwamba utasimuliwa, kama Maangwatay ilivyosimuliwa, na hilo si jambo la hiari. Lililo la hiari ni nani atausimulia na kwa hadhira gani.

Mangola yenyewe leo inauza maonyesho, lakini kwa namna isiyonifurahisha. Magari ya watalii hufika asubuhi, wageni hupelekwa kwa Wahadza kutazama upinde na moto wa kupekecha, kisha kwa wahunzi wa Kidatoga kutazama shaba ikiyeyushwa na kufanywa bangili, picha hupigwa, fedha hutolewa, gari huondoka. Anayetazamwa hasemi, anayesema ni mwongozaji, kwa Kiingereza, kwa dakika chache. Hiyo ni picha bila mtambaji, na Umesao, aliyeamini kwamba mali ya zama zijazo itakuwa katika maneno, angeona kwamba hapa kinachouzwa ni ganda.

Msomaji uliye Mbulu, Dongobesh, Haydom, Katesh au Basotu, ambaye kwenu yupo mzee awezaye kutoa slufay hata mwisho au kukisimulia kisa cha Maangwatay bila ya kuruka mlango: simu yako inanasa sauti. Mwendee akiwa na nafasi, umwombe ruhusa, unase maneno yake kwa lugha yake na tena kwa Kiswahili, uandike jina lake na kijiji chake kama atakavyo yeye, umpe kijana anayechora au mwenye kibanda aliye na nia, na umlipe mzee yule ujira wake kamili, kama alivyolipwa fundi yeyote wa ulimi aliyesimama kando ya pazia mjini Tokyo.